Kabla ya kulaumu kampuni ya intaneti, chungulia rauta yako

Kila usiku baada ya swala ya Isha, Garissa ina wimbo mmoja. Waberi wanauimba, Iftin wanauimba, Galbet ndio usiseme: "Net imelala." Video inaganda, kile kiduara kinazunguka mpaka chai inapoa, na kijana wa chumba cha tatu anapiga kelele kwamba gemu imemtupa nje. Hatua inayofuata tunaijua wote. Mtu anaipigia kampuni, anamfokea dada wa huduma kwa wateja ambaye pengine Garissa hajawahi kukanyaga, halafu anazima rauta na kuiwasha tena. Mambo yanakuwa fiti dakika kumi. Kisha wimbo unaanza upya.

Sijaja hapa kutetea kampuni. Sisi wa Kaskazini Mashariki tuna kila sababu ya kulalamika. Minara ya simu katika kaunti za Garissa, Wajir na Mandera imelipuliwa na Al-Shabaab mara nyingi, na kuna vijiji vinakaa siku na siku bila hata kupiga simu. Wajir na Mandera mjini bado wanategemea stima ya jenereta za dizeli zisizounganishwa na gridi ya taifa. Kwa hivyo ndiyo, kuna siku mtandao unalala kwa sababu umelazwa kweli.

Lakini si kila usiku. Mara nyingine faiba inafika mlangoni ikiwa na nguvu zake zote, inaingia ndani ya ploti, na inafia hapo. Kikulacho ki nguoni mwako. Na jambo linalonikera zaidi si hata kasi. Ni kwamba uzembe ule ule unaotuchelewesha ndio unaoacha milango ya nyumba zetu wazi. Tunafunga geti kwa kufuli mbili, tunaweka vipande vya chupa juu ya ukuta, halafu tunamwachia kila mpita njia rauta ambayo nenosiri lake ni "admin".

Kelele za ndani

Vifaa vilivyo kwenye mtandao wa nyumbani huongea kwa njia tatu. Ya kwanza ni ya mtu na mtu: simu yako inaitisha video, video inakuja kwako peke yako. Ya pili ni ya kipaza sauti: kifaa kinatangaza, na kila aliye karibu lazima asikie, atake asitake. Ya tatu ni ya grupu, na jina lake la kitaalamu ni maltikasti. Ujumbe unatumwa mara moja tu, na unawalenga wale waliojiunga na grupu hilo. Kanuni zake ziliandikwa mwaka 1989 na Steve Deering, wakati huo akiwa Chuo Kikuu cha Stanford, na mpaka leo anwani zote zinazoanzia 224 hadi 239 zimetengwa kwa kazi hiyo.

Wazo lenyewe ni safi. Kama mechi moja inatazamwa na watu elfu moja, kwa nini uitume mara elfu moja? Nyumbani nako linasaidia. Unapotaka kurusha video kutoka kwa simu hadi kwenye TV, simu haijui TV iko wapi, kwa hivyo inauliza grupu zima: "Nani hapa ni TV?" Swali hilo mara nyingi hupitia anwani 239.255.255.250 au 224.0.0.251. Printa, spika na kamera nazo hupiga hodi huko huko. Ndiyo maana TV inatokea kwenye simu yako bila wewe kuandika namba yoyote.

Shida inaanza grupu hilo linapopita hewani. Kwenye kebo kila mtu ana njia yake, lakini Wi-Fi ni hewa moja, na mmoja akiongea wengine wananyamaza. Fikiria baraza la chifu. Chifu akiongea na mzee mmoja pembeni, wanamalizana haraka. Lakini akitangaza kwa watu wote, lazima aongee polepole, neno kwa neno, ili hata yule aliyesimama nyuma kabisa chini ya mwarobaini asikie. Rauta hufanya vivyo hivyo. Ujumbe wa simu moja unaweza kwenda kwa kasi ya megabiti mia moja na zaidi kwa sekunde. Ujumbe wa maltikasti, rauta nyingi za kawaida huutuma kwa kasi ya chini kabisa inayojulikana na kila kifaa, na kwenye masafa ya 2.4 hiyo inaweza kuwa megabiti 1 tu. Ujumbe wenye ukubwa ule ule unakalia hewa mara mia zaidi. Wakati huo wote video yako imepanga foleni.

Tena kuna hili. Simu ikilala ili kuokoa chaji, matangazo haya huiamsha. Kama umewahi kushangaa kwa nini simu yako inakula chaji usiku ikiwa kwenye Wi-Fi ya ploti, na wewe hujaigusa, anza kushuku huko.

Hapa watu huchanganyikiwa, kwa hivyo nitasema wazi: kelele hizi hazili kasi unayonunua kwa kampuni. Haziendi Nairobi wala haziendi Ulaya. Zinazunguka humo humo ndani. Ndiyo maana unaweza kuongeza kifurushi kutoka kile cha bei ya chini hadi cha bei ya juu, ukalipa doo mara mbili, na bado saa tatu usiku kiduara kikaendelea kuzunguka. Umenunua bomba kubwa la kuleta maji mpaka kwenye geti, na mfereji wa ndani ni ule ule wenye kutu.

Ploti si nyumba ya mtu mmoja

Vitabu vya maelezo vinavyokuja na rauta vimeandikwa kwa ajili ya familia ya watu wanne: baba, mama, watoto wawili, kompyuta moja. Walioviandika hawajawahi kuona ploti ya Garissa.

Hesabu nami. Vyumba vinane, kila chumba simu tatu: hizo ni 24. Ongeza TV nne, laptop tatu na kamera mbili za getini. Tayari ni vifaa 33, na hatujamhesabu binamu aliyekuja kutoka Dadaab kwa wiki moja na sasa ana mwezi wa pili. Kwa nyumba yenye vifaa vitano, kelele za maltikasti ni kama mbu mmoja: hutamjali. Kwa ploti yenye vifaa 33 juu ya rauta moja ya bei rahisi, ni kundi.

Halafu stima. Ikipotea na kurudi, kama kawaida yetu, kila kifaa kinaamka pamoja na kila kimoja kinapiga kelele kutafuta wenzake. Hapo ndipo mtu anasema, "Stima imerudi lakini net bado."

Juu ya hayo kuna fundi aliyekuja kuongeza rauta ya pili ili vyumba vya nyuma vipate. Nyingi ya hizo rauta za pili zinaunganishwa vivi hivi, zote mbili zikigawa anwani na zote mbili zikijiita bosi. Na ole wako kebo moja ikichomekwa pande zote mbili kwenye kisanduku kimoja kwa bahati mbaya. Matangazo yanaanza kuzunguka bila mwisho, na ndani ya sekunde chache mtandao wote unakufa. Wakati huo kampuni haina kosa lolote.

Ukisikika, unaonekana

Sasa tuingie kwenye jambo zito zaidi. Kila kifaa kinachopiga kelele "niko hapa" kinamwambia kila aliyeunganishwa kwamba kipo, ni cha aina gani, na mara nyingi kinaitwaje. Simu nyingi na laptop hubeba jina la mwenyewe. Msee yeyote mwenye nenosiri la Wi-Fi ya ploti anaweza kupakua programu ya bure, abonyeze mara moja, aone orodha: simu ya fulani binti fulani, TV ya chumba cha mbele, kamera ya sebuleni. Hakuna uhodari wa kudukua hapo. Anasoma tu yale ambayo vifaa vyenyewe vinatangaza.

Watu wa kwetu tunajua maana ya stara. Nyumbani ndipo mama na dada zetu huvua hijabu, hukaa huru, husuka nywele. Mgeni akija hubisha hodi na kusubiri. Sasa chukua kamera ndogo ya elfu mbili au tatu, ile inayouzwa kila duka la simu, mtu ameiweka sebuleni ili amwangalie mtoto akiwa kazini. Nenosiri ni lile la kiwandani. Imeunganishwa kwenye Wi-Fi ambayo vijana kumi na wawili wa mtaa wanaijua. Hiyo hodi ya mlangoni ina maana gani tena? Umemfungulia mtu dirisha ambalo wewe mwenyewe hulioni.

Ndiyo maana sikubali msemo kwamba setingi za rauta ni mambo ya "wale wa IT". Hili ni suala la heshima ya nyumba kabla ya kuwa suala la kompyuta.

Dunia imeshatuonyesha

Kuna anayesema, "Nani atanidukua mimi, niko Garissa?" Jibu: mashine. Wadukuzi wa siku hizi hawachagui mtu. Wanatuma programu inayogonga kila mlango wa intaneti duniani, na inaingia palipo wazi.

Mwaka 2016 programu mbaya iliyoitwa Mirai iliteka kamera za CCTV na rauta nyingi sana kote duniani. Silaha yake ilikuwa orodha ya maneno ya siri ya kiwandani, kama 60 hivi, basi. Tarehe 21 Oktoba mwaka huo, jeshi hilo la vifaa vya nyumbani liliishambulia kampuni ya Dyn, na kwa saa kadhaa watu wengi Marekani hawakuweza kufungua Twitter wala Netflix. Wenye kamera hawakujua lolote. Kamera zao ziliendelea kuonyesha geti kama kawaida.

Januari 2019, TV za watu wengi zilianza kucheza video ambayo hakuna aliyeiomba. Wadukuzi walikuwa wamezifikia Chromecast za nyumbani kutoka nje. Mlango waliopitia ni setingi inayoitwa UPnP, ambayo inaruhusu kifaa chochote ndani ya nyumba kuiambia rauta "nifungulie mlango wa nje", na rauta inafungua bila kumuuliza mwenye nyumba. Miaka sita kabla, mwaka 2013, kampuni ya usalama ya Rapid7 ilikuwa imeshaonya: ilichunguza intaneti na kukuta anwani zaidi ya milioni 80 zinazojibu maswali ya UPnP kutoka nje, maswali ambayo hayakupaswa kutoka sebuleni. Ni maltikasti ile ile ya kutafutana ndani, ila hapa imeachwa ichungulie barabarani.

Na kile kitufe cha WPS, cha kuunganisha bila kuandika nenosiri? Tangu Desemba 2011 inajulikana kwamba namba yake ya tarakimu nane inaweza kukisiwa kwa majaribio yasiyozidi 11,000, kwa sababu rauta inaikagua nusu kwa nusu. Kwa mwenye laptop na subira, hiyo ni kazi ya saa chache. Kwenye rauta nyingi unazoziona ukutani hapa mjini, kitufe hicho bado kipo.

Kitambulisho ni chako

Kuna sababu nyingine inayotuhusu sisi wa huku kuliko mtu wa Nakuru au Kisumu. Laini ya intaneti imesajiliwa kwa jina la mtu mmoja na kitambulisho cha mtu mmoja. Huko nje, ploti nzima inaonekana kama mtu huyo mmoja. Kijana usiyemjua akitumia Wi-Fi yako kutapeli mtu, kutisha mtu, au kupakua na kusambaza video za magaidi, uchunguzi ukianza utafika kwa jina lililoandikwa kwenye mkataba. Jina la baba yako. Jina lako.

Mahali pengine hilo ni usumbufu wa siku moja. Kwetu ni tofauti. Wenye umri wa kukumbuka operesheni ya Usalama Watch ya Aprili 2014 Eastleigh, ambapo maelfu ya watu walikamatwa na wengi kupelekwa uwanja wa Kasarani, wanajua mzigo wa kushukiwa ukiwa na jina la Kisomali. Vijana wa hapa wamehangaika miaka mingi na usaili wa ziada ili tu kupata kitambulisho, mpaka Rais Ruto alipotangaza Februari 2025 kwamba usaili huo umekwisha. Umepigania kadi hiyo kwa jasho, halafu unaikodisha bure kwa kila anayejua kwamba nenosiri la Wi-Fi yenu ni 12345678?

Sheria ya Matumizi Mabaya ya Kompyuta na Uhalifu wa Mtandao ya 2018 inamwadhibu anayeingia kwenye mfumo wa mwingine bila ruhusa: faini isiyozidi shilingi milioni 5, kifungo kisichozidi miaka mitatu, au vyote viwili. Sawa. Lakini kabla ya kumpata huyo aliyeingia, atakayelala seli akijieleza ni nani?

Mambo ya kufanya leo usiku

Huhitaji digrii. Mimi mwenyewe chuo sikumaliza, na hakuna lolote kati ya haya lililonishinda. Chukua simu, unganisha kwenye Wi-Fi yako, fungua kivinjari na uandike anwani iliyo kwenye stika nyuma ya rauta. Mara nyingi ni 192.168.1.1 au 192.168.0.1. Kisha fuata mpangilio huu.

1. Badilisha nenosiri la kuingilia rauta yenyewe. Hili si lile la Wi-Fi. Ni la kufungua setingi, na ndilo watu husahau. Liandike kwenye karatasi, uliweke pamoja na hati zako. Ukiwa hapo, hakikisha setingi ya kuendesha rauta kutoka nje ya nyumba imezimwa.

2. Weka usalama wa Wi-Fi kuwa WPA2 ya AES au WPA3. Ukiona WEP, hiyo ilivunjwa tangu 2001, ni kama kufuli la karatasi. Nenosiri liwe refu: maneno manne yasiyohusiana, ya Kiswahili au Kisomali, yanatosha. Namba ya simu ya baba si nenosiri.

3. Zima WPS.

4. Zima UPnP. Gemu moja au mbili zinaweza kulalamika. Zikilalamika, fungua mlango unaohitajika kwa mkono, kwa kifaa hicho kimoja tu.

5. Washa mtandao wa wageni. Rauta nyingi za sasa wanao. Majirani, binamu na marafiki waingie huko, na uwashe setingi ya kuvizuia vifaa vya wageni visionane. Kamera nazo, kama programu yake inakubali, ziweke huko, mbali na simu na laptop zenu. Mtandao mkuu ubaki wa familia. Hatua hii moja inakata mambo mawili pamoja: wageni hawaoni vifaa vyako, na kelele za kutafutana za simu zao hazifiki kwenye TV na laptop zako.

6. Tafuta palipoandikwa IGMP Snooping, uiwashe. Kazi yake ni kusikiliza nani amejiunga na grupu gani, ili ujumbe usisukumwe kwa kila mtu. Rauta yako ikiwa na setingi ya kugeuza maltikasti kuwa ujumbe wa mtu na mtu, washa hiyo pia. Utasafiri kwa kasi ya kawaida badala ya kasi ya baraza.

7. TV na laptop zilizo karibu na rauta zihamishie masafa ya 5. Masafa ya 2.4 waachie walio vyumba vya mbali.

8. Sasisha programu ya rauta. Na badilisha nenosiri la kila kamera, hata ile ya getini. Kamera ya chumba cha kulala itoe kabisa.

Pima kabla na baada. Usiku ule ule, pima kasi ukiwa umechomeka laptop kwa kebo, kisha pima kwa Wi-Fi. Kebo ikiwa fiti na Wi-Fi ikiwa mbovu, tatizo ni lako. Zote mbili zikiwa mbovu, sasa ipigie kampuni, na uipigie ukiwa na namba mkononi. Utaona wanavyokusikiliza tofauti.

Usizime kila kitu

Kuna wataalamu wa TikTok wanaosema zima maltikasti yote, maisha yatakuwa matamu. Usiwasikize. Ukiizima yote, TV itatoweka kwenye simu, printa itapotea, na mama atakuuliza kwa nini hawezi kurusha mawaidha yake kwenye skrini kubwa. Mbaya zaidi, mfumo mpya wa anwani za intaneti, IPv6, hutumia maltikasti ili vifaa vijuane na majirani zao. Ukiukata huo, unakata mguu uliosimamia.

Hata IGMP Snooping ina vituko vyake. Inahitaji kifaa kimoja, kwa kawaida rauta kuu, kiwe kinauliza kila mara "nani bado yumo kwenye grupu?" Kama hakuna anayeuliza, unaweza kuona TV inapatikana dakika chache halafu inapotea. Ukiona hivyo baada ya kuiwasha, izime, hujaharibu kitu. Tena haigusi ile anwani ya 224.0.0.251. Ujumbe wa huko hupelekwa kwa kila kifaa hata snooping ikiwa imewashwa. Ndiyo maana kutenganisha wageni kuna maana kuliko setingi nyingine yoyote ya maltikasti. Badilisha jambo moja, kaa nalo siku moja, halafu nenda la pili.

"Lakini jirani je?"

Najua pingamizi litakalokuja, na ni la haki. Sisi si watu wa kufungia jirani mlango. Maji tunagawana, iftar tunagawana, hata jenereta tunagawana. Kijana wa jirani anafanya masomo yake kwa Wi-Fi yako, au anatafuta kazi za mtandaoni, na wewe unaambiwa umkate?

Hapana. Sijasema mkate mtu. Wahenga walisema mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe, na hata huyo mgeni wa siku mbili hakulala chumba cha mwenye nyumba. Alipewa mkeka sebuleni, chakula, na heshima yote. Mtandao wa wageni ndio huo mkeka. Jirani anapata intaneti kamili, ila hapitii chumbani kwako kuipata. Ukarimu na ulinzi havijawahi kugombana katika mila zetu, kwa hivyo sioni kwa nini vigombane kwenye rauta.

Ila tofautisha ukarimu na biashara. Kuna vijana wanaonunua laini moja ya nyumbani na kuwauzia mtaa mzima kwa vocha za siku. Natambua njaa ya kazi iliyopo. Lakini kuuzia umma intaneti kunahitaji leseni ya Mamlaka ya Mawasiliano, na ukishika taarifa za wateja, Sheria ya Ulinzi wa Data ya 2019 inakuhusu. Usijitetee kwamba ni mambo ya nyumbani wakati unapokea M-Pesa za watu hamsini.

Nani awajibike

Nimewalaumu wenye nyumba vya kutosha. Sasa zamu ya wengine.

Fundi anayekuja kuweka intaneti hapaswi kuondoka kabla ya kubadilisha nenosiri la kiwandani mbele ya mteja na kumpa mteja nenosiri jipya mkononi, si yeye kubaki nalo kwenye simu yake. Kumwekea mtu mlango bila kumpa ufunguo si kazi, ni kazi nusu. Dakika kumi zinatosha.

Kampuni zinazouza intaneti katika kaunti hizi zituletee maelezo kwa lugha tunazozungumza. Wanatangaza bei zao kwa Kiswahili na Kisomali wakitaka pesa, lakini setingi za usalama zinabaki kwa Kiingereza cha wahandisi. Na rauta zenyewe zije zikiwa na WPS na UPnP zimezimwa, anayezitaka aziwashe mwenyewe.

Wenye ploti, ninyi mnaoweka kamera kwenye korido na kuweka Wi-Fi ndani ya kodi: wapangaji wana haki ya kujua kamera iko wapi, nani anaitazama na picha zinakaa muda gani. Mwekeni kila mpangaji kwenye mtandao uliotengwa.

Serikali nayo ina vituo vya kidijitali na mpango wa Ajira Digital unaowafundisha vijana kutafuta kazi mtandaoni. Somo la saa mbili kuhusu kulinda mtandao wa nyumbani lingefaa kuwekwa humo kesho asubuhi. Na hapo kuna kazi ya kweli kwa vijana wa hapa. Garissa ina maduka, hoteli, madrasa, kliniki na hawala, vyote vina Wi-Fi na vingi vina kamera. Kijana anayejua kupanga mtandao vizuri, anayepima kabla na baada, na anayeaminika kuingia nyumba ya watu bila kubaki na neno lao la siri, hatakosa wateja. Tunangoja mtu aje kutoka Nairobi kutufanyia hata hilo?

Leo baada ya Isha, kiduara kikianza kuzunguka, usianze na simu ya huduma kwa wateja. Geuza rauta, soma stika, ingia ndani. Anza na namba moja: badilisha lile nenosiri. Kisha mwite dada yako, mwonyeshe namna ulivyofanya, maana kesho wewe utakuwa safarini na yeye ndiye atakayebaki na nyumba.